Bwana Nikusomee

Kabla ya kuzungumza na mtu yeyote kwa ajili ya kazi yake, mjomba wangu alivua saa ya mkononi na kuitia mfukoni. Hakuiweka mezani. Saa iliyo mezani, alisema, ni sawa na mtu wa tatu anayekohoa. Aliivua mbele ya mkurugenzi, na mbele ya mfagizi wa mkurugenzi aliivua vilevile. Mara ya kwanza kumwona akifanya hivyo nilikuwa na miaka saba. Alikuja kwetu kumuuliza mama, dada yake wa tumbo moja, habari za shule ya mtaani iliyofungwa ghafla, na hata dada yake huyo aliona amvulie saa.

"Unataka kunihoji au unataka kuoga?" mama akamuuliza.

Mjomba alicheka, lakini saa haikurudi mkononi mpaka mama alipomaliza kusema yote aliyokuwa nayo. Alikuwa na mengi.

Alifariki mwaka jana. Waliomwandika baada ya hapo walimsifu kwa ujasiri, na wengine, ambao alipokuwa hai walimcheka, walimvika vilemba vya ukoka ambavyo asingekubali kuvivaa. Mimi nilifanya kazi naye tangu nilipotoka chuoni. Nilipanga kurasa za gazeti lake, na uzeeni mwake nilimpigia chapa kitabu chake cha mwisho. Sikumwona kuwa jasiri hasa. Nilimwona mtu mwenye sharti moja, aliyelivunja mara moja.

Alianzia gazeti kubwa, lenye jengo la ghorofa sita na lifti. Mwaka wake wa tisa pale, jengo moja mjini lililokuwa likijengwa liliporomoka na kuua vibarua kumi na mmoja. Mjomba alikwenda nyumba moja baada ya nyingine kukusanya majina yao, umri wao na kazi aliyokuwa akifanya kila mmoja saa ile. Mhariri wa habari alisoma, akachukua kalamu nyekundu.

"Majina yanakula nafasi. Weka kumi na mmoja, inatosha."

"Basi kata maneno yangu, uache majina."

"Maneno yako ndiyo habari, bwana."

Mjomba alifanya kazi mpaka mwisho wa mwezi, akaaga watu wote mpaka mlinzi wa getini, akaondoka. Hakugombana na mtu. Mama alisema afadhali angegombana, kwa sababu mtu anayeondoka kimya hana nia ya kurudi.

Gazeti lake mwenyewe alilianzisha katika vyumba viwili nyuma ya duka la mkata vioo. Kutwa nzima tulisikia ile ncha nyembamba ya almasi ikipita juu ya kioo, kisha kimya, kisha kioo kikikatika. Meza yetu kubwa ilikuwa mlango wa zamani uliolazwa juu ya mapipa, na tundu la kitasa lilibaki palepale, likimeza penseli zetu. Gazeti lilitoka kila Ijumaa, kurasa nane, likauzwa kwa mkono na wauza vocha na wang'arisha viatu. Magazeti makubwa yalituita gazeti la uchochoroni. "Si uongo," mjomba alisema. "Ndiko tunakoishi."

Mkewe, mkaza mjomba wangu, alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na ukoo mzima ulimwita Mwalimu, hata mumewe. Mshahara wake ndio uliolisha nyumba. Kila Alhamisi mchana alipita kutoka shuleni na kusahihisha kurasa zetu kwa kalamu ileile aliyosahihishia madaftari ya watoto, na mara moja, kwa kuchoka, alimwandikia mumewe pembeni: *Jitahidi zaidi.* Mjomba aliikata pembe hiyo ya karatasi akaibandika ukutani.

Sharti lenyewe lilikuwa hili. Hakuna mtu aliyetajwa katika gazeti letu kabla ya kusomewa habari yake, neno kwa neno, kwa sauti. Anayelalamika alisomewa, na anayelalamikiwa pia. Mjomba alibisha hodi, akakaa alipoonyeshwa, akavua saa, akasema, "Kwanza nikusomee." Hakuwapa ruhusa ya kufuta kitu kwa kuwa tu kiliwachoma, ila kama kilikuwa si kweli, na wangeweza kuonyesha, alikifuta mbele yao. Mtaa ukambatiza Bwana Nikusomee. Watoto walimwita hivyo kwa mbali, kisha wakakimbia.

Siku moja alikuja askari kuchukua nakala zetu zote, kwa sababu tulikuwa tumeandika jinsi kituo chake kilivyowazuia wachuuzi siku tatu bila sababu. Mjomba alimkaribisha kiti.

"Wewe umo humu, ukurasa wa tatu. Nilikuja mara mbili kituoni kukusomea, ukakataa kuniona. Basi hili ni toleo la majaribio, halijatoka. Kwanza nikusomee."

Askari alisimama, kofia kwapani, akasikiliza mpaka mwisho. Mkata vioo aliacha kazi yake akaja kuchungulia.

"Umekosea," askari akasema. "Mimi si koplo. Ni sajenti."

"Tangu lini?"

"Tangu mwezi wa pili."

"Hongera. Narekebisha." Na akarekebisha. Sajenti alizichukua nakala zote vilevile, lakini Ijumaa iliyofuata alituma mtu amnunulie moja.

Nimeeleza haya ili ijulikane kwamba sharti hilo halikuwa pambo. Lilikuwa kazi yenyewe. Lilitufanya tuchelewe, lilitufanya tuandike habari ambazo wenzetu walishazimaliza wiki iliyopita, na mjomba alijigamba, kwa namna yake ya upole, kwamba hajawahi kuomba radhi hata mara moja.

Mwaka wangu wa kwanza kazini, mama mmoja alishikwa na uchungu wa uzazi, akafariki njiani akipelekwa hospitali kwa gari la kukodi, kwa kuwa gari la wagonjwa la zahanati yetu halikuwepo. Mlinzi wa ukumbi wa sherehe alituambia alikoliona: lilikuwa limeegeshwa ukumbini, mchana ule ule, harusi ikiendelea. Mjomba alimsomea mlinzi. Alimsomea mume wa marehemu, ambaye alilia bila kutoa sauti. Alimsomea msimamizi wa zahanati, naye akasema, "Sina la kuongeza," maneno ambayo siku ile tuliyaona ni ya mtu mwenye haya.

Alibaki dereva wa gari lile. Nilitumwa mimi. Jumatano sikumkuta. Alhamisi asubuhi nilimkuta mkewe akifua, akaniambia mumewe amempeleka mama yake mgonjwa kwao. "Atarudi kesho jioni, dada. Njoo kesho jioni."

Nikarudi nikamwambia mjomba. Mchapaji alikuwa akitusubiri saa tisa. Mashine yake ilikuwa yetu Alhamisi tu, siku nyingine ilichapa kadi za mialiko na stakabadhi. Lakini haikuwa mashine peke yake. Tulisikia kwamba gazeti kubwa, lilelile alilolihama, lilikuwa limetuma mtu wake kwa mume wa marehemu.

"Kesho wataandika," mjomba akasema.

Mwalimu alikuwa ameinama juu ya kurasa. "Na wakiandika?"

"Habari ni yangu. Mimi ndiye niliyeipata."

"Sikukuuliza ni ya nani."

Mjomba alizunguka ule mlango wetu wa meza, akarudi alipokuwa. "Mara moja tu," akasema, kwa sauti ndogo kama mtu anayeomba kitu kwa mzazi. Mwalimu alifunika kalamu yake. Mimi nilikuwa na miaka ishirini na miwili, na nilifurahi kwamba ukurasa wa kwanza nilioupanga kwa mikono yangu utatoka kwa wakati. *Gari la wagonjwa lilikuwa harusini.* Nilichagua herufi kubwa kuliko zote tulizokuwa nazo.

Lile toleo lilikwisha kabla ya adhuhuri.

Jumamosi dereva alikuja. Mtu mrefu, shati limepigwa pasi. Nyuma yake uchochoro ulikuwa umejaa watu waliomfuata wakimzomea, naye aliingia akaufunga mlango taratibu, kama mtu aliyelelewa vizuri. Mjomba alisimama, mkono wa kulia ukaenda kwenye saa.

"Vaa saa yako," dereva akasema. "Mimi sina mazungumzo."

Aliweka mezani nakala za barua alizomwandikia msimamizi wa zahanati. Zote zilisema kitu kimoja: breki za gari hazishiki, naomba litengenezwe kabla halijaua mtu. Siku ile hatimaye aliruhusiwa kulipeleka kwa fundi. Fundi wa breki alikuwa na karakana nyuma ya ukumbi wa sherehe, na lango lilikuwa moja. Mlinzi aliona kweli alichokiona.

"Ungeniuliza," dereva akasema. Akakusanya barua zake moja moja, akaondoka.

Tuliomba radhi ukurasa wa kwanza, kwa herufi zilezile kubwa, na barua tukazichapa zote. Nusu ya nakala zilirudi. Nadhani hilo ndilo lililomuumiza mjomba kuliko matusi yote: uongo ulikwisha kabla ya adhuhuri, na ukweli ulirudi umefungwa kamba, kwa mafurushi. Zahanati ilikuwa imeshamfukuza dereva Ijumaa, na ofisi ikishatia muhuri haipendi kuonekana imekosea. Vioo vya nyumba yake vilivunjwa. Mjomba alimwomba jirani yetu mkata vioo akavirudishe. Dereva alimkatalia mlangoni, akaziba madirisha kwa mbao, akaishi hivyo.

Kila mwaka, mwezi uleule, mjomba alikwenda kubisha hodi kwake. Hakufunguliwa.

Gazeti liliendelea miaka kumi na miwili zaidi. Watu huniuliza nani alilifunga, wakitegemea nimtaje mkubwa fulani. Hakuna aliyelifunga. Mchapaji wetu aliuza mashine, wasomaji wakahamia kwenye simu, na Ijumaa moja tukakaa bila kutoa kitu, na aliyekuja kuuliza ni mmoja tu. Mimi nikaenda kufundisha chuoni. Mjomba akaandika vitabu. Cha kwanza kilikuwa kidogo, juu ya vibarua kumi na mmoja, na majina yao yalikula nafasi yote waliyoihitaji. Cha pili kilihusu soko letu la zamani. Cha tatu kilikuwa na sura ishirini na mbili, kila sura mtu mmoja aliyewahi kumwandika, na wote akawarudia kuwasomea upya, uzeeni mwao na uzeeni mwake. Waliokufa aliwasomea watoto wao.

Sura ya ishirini na mbili ilikuwa ya dereva.

Mama mchapishaji alikipenda kitabu. "Ila hiyo ya mwisho, mzee wangu, kama hataki kukusikia, itoe. Au mfiche, umwandike kama fundi fulani, hakuna atakayejua."

"Nikiitoa, kinachobaki ni kitabu cha kujisifu."

"Basi tuichape bila kumsomea."

Mjomba alirudi na mswada nyumbani, akautia kwenye boksi, na boksi likakaa chini ya kitanda miaka minne. Mwalimu, ambaye sasa alikuwa amestaafu, alifagia kulizunguka. "Wenzangu waume zao wameficha dhahabu chini ya kitanda," alinambia. "Wangu kaficha dereva."

Kisukari kilichukua macho ya mjomba kwanza, kisha kikaanza na figo. Nilipomtembelea siku moja alinisikia viatu, akasema kabla sijakaa, "Mwanangu, nenda wewe. Mimi hodi yangu ameshaizoea."

Dereva alikuwa akiziba pancha kwenye mzunguko wa barabara, chini ya mwavuli wa kampuni ya simu. Kijana mmoja alikuwa akiondoka na baiskeli yake. "Ahsante, Bwana Harusi!" akasema, na dereva akainua mkono bila kumtazama. Hapo ndipo nilipojua. Miaka ishirini na zaidi, na kichwa cha habari nilichokichagulia herufi kilikuwa bado kinamwita.

Alinitambua kabla sijajitambulisha. "Wewe ndiye yule msichana uliyekuja mara mbili."

"Ndiye mimi, baba."

"Mke wangu alikwambia narudi Ijumaa."

"Aliniambia."

"Haya." Alichovya mpira kwenye beseni, akautazama unavyotoa mapovu. Nikamweleza habari za kitabu, na macho ya mjomba, na figo. Alisikiliza mpaka akapata tundu.

"Anataka kunisomea? Nilishasomewa, mama. Nilisomewa na mtaa mzima. Wanangu walisomewa shuleni." Alisugua mpira kwa msasa. "Mimi najua gari lilikuwa wapi. Kunisomea mimi kutaongeza nini? Hawa vijana wananiita Bwana Harusi na hawajui jina lilitoka wapi. Wanadhani nilioa kwa kishindo."

Nilitaka kucheka, nikaona yeye hacheki.

"Mwambie asome palepale zahanati. Jumatatu, siku ya kliniki ya watoto, benchi zikiwa zimejaa. Hao ndio wa kusomewa. Mimi nitakuwepo, nisikie kama ataniongopea tena."

Nilipompa mjomba jibu hilo, akauliza kama shati lake jeupe lina vifungo vyote.

Msimamizi wa sasa wa zahanati, binti ambaye wakati ule hata shule hajaanza, alitupa nusu saa. Benchi zilikuwa zimejaa akina mama na watoto wachanga, mizani inaning'inia katikati. Mjomba alisimama mkono mmoja ukutani. Nilijitolea kumsomea, akakataa: hilo alitakiwa kulisema kwa kinywa chake. Lakini maandishi hakuyaona tena, kwa hiyo nilisimama nyuma yake nikimnong'oneza sentensi moja moja, naye akaisema kwa sauti. Muuguzi alikuwa akiita namba katikati ya sentensi. Watoto walilia. Hapo mwanzo hakuna aliyesikiliza. Alipofika mahali pa mama aliyekufa njiani, waliacha kuzungumza.

"Alikuwa ameandika barua tatu," mjomba akasema.

"Nne." Dereva alikuwa mlangoni, mikono myeusi kwa mpira. "Ya nne nilimpa mkononi, akakataa kuipokea. Kwa hiyo sina nakala."

"Nne," mjomba akasema. "Mwanangu, andika nne." Nikaandika pembeni.

"Na habari za yule mama nilizipata nikiwa chini ya gari, nimemshikia fundi taa. Hilo pia hujaliandika."

"Sikulijua."

"Hukuuliza."

"Sikuuliza," mjomba akasema, kwa sauti ileile aliyokuwa akisomea, kana kwamba na hilo limo katika karatasi. Nikaliandika pia.

Mama mmoja wa benchi ya mbele, mtoto begani, akamgeukia dereva. "Kwa hiyo wewe harusini hukwenda kabisa?"

"Mama, hata ya kwangu mwenyewe nilichelewa."

Benchi zote zilicheka. Dereva aliwaacha wacheke. Mjomba alisoma mpaka mwisho, sauti ikimkauka, na alipomaliza alinyoosha mkono. Lakini aliunyoosha kuelekea kwenye mizani, ambako dereva hakuwepo. Dereva aliutazama mkono ule uliokuwa umening'inia hewani. Niliona akiutazama.

"Sasa chapeni," akasema, akavaa kofia yake, akatoka.

Wiki mbili baadaye mjomba alilazwa. Chumba kilikuwa na vitanda vinne, cha kwake karibu na dirisha ambalo halikuwa na faida kwake tena. Mwalimu alikaa upande mmoja akikunja na kukunjua kanga. Mama mchapishaji alikuwa amenipigia simu, na furaha yake ilikuwa ya kweli: kitabu kinaingia mtamboni, kinahitaji aya moja tu ya kufungia. Wasomaji wangetaka kujua wawili hawa waliishia wapi. Nilikuwa nimeiandika usiku, na niliona imekaa vizuri. Nikainama sikioni pake nikamsomea: *Baada ya miaka zaidi ya ishirini, wawili hao waliagana kwa amani, kila mmoja ameutua mzigo wake.*

Akaniomba niirudie. Nikairudia, polepole zaidi.

"Hakusema amenisamehe," akasema. "Usimlishe maneno."